King'ora, Yowe Lililoshinda Magitaa

Marehemu wetu, ambaye jina lake kamili mnalisoma kwenye jalada la ratiba mliyoishika, alizaliwa alfajiri ya tarehe 14 Machi 1953, mtoto wa pili na wa mwisho wa karani wa ghala la nafaka na mkewe, mshona nguo. Hapa ataitwa King'ora, kwa sababu ndivyo alivyoitwa tangu siku hiyo hiyo, na ndivyo alivyoomba aitwe leo. Jina hilo alipewa na mkunga. Mtoto alipotoka alilia kilio kimoja kirefu, kilichonyooka bila kukatika, hata mlinzi wa ghala akaja mbio na ndoo ya mchanga akidhani pameshika moto. Mama yake alikisimulia kisa hicho kwa kicheko mpaka uzeeni.

Aliingia shule ya msingi Januari 1960. Alikuwa mtoto mpole, mwenye mwandiko safi, asiyependa ugomvi. Shida ilikuwa sauti. Akisimama kusoma, darasa la jirani lilikatisha somo. Na kuimba ndiko alikokupenda kuliko kitu chochote. Alijiunga na kwaya, na baada ya mazoezi mawili mwalimu wa kwaya akamwita pembeni. Hakumfukuza, alikuwa mama mwenye huruma. Alimwambia tu, "Mwanangu, simama mstari wa nyuma, fungua mdomo kama wenzako, ila sauti ibaki ndani."

King'ora akatii mpaka akamaliza shule. Nyimbo zote alizijua, na hakuna aliyewahi kuzisikia kutoka kwake. Siku ya wazazi mama yake alikaa kiti cha mbele, na walipokuwa wakirudi nyumbani akamshika mkono, akamwambia kwamba amemsikia vizuri, kwamba sauti yake ilijitenga na za wenzake. King'ora akasema asante, mama. Kaka yake mkubwa, aliyejua ukweli, alitembea nyuma yao akitazama viatu vyake.

Baada ya sekondari alisomea ukatibu muhtasari, akapata cheti Novemba 1973. Vidole vyake vilikuwa vyepesi ajabu kwenye taipureta. Mwaka uliofuata aliajiriwa katika studio ndogo ya kurekodi, ghorofani juu ya duka la rangi na misumari, ambako walikuwa wakitengeneza matangazo ya sabuni na nyimbo za kuanzishia vipindi vya redio. Meza yake ilikuwa kwenye ujia, kati ya choo na chumba cha kurekodia. Juu ya mlango wa chumba hicho palikuwa na taa nyekundu. Ikiwaka, kila mtu ananyamaza, na taipureta inanyamaza pia. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa kukaa kimya, mikono mapajani, akisubiri wenye sauti wamalize. Yeye mwenyewe alisema aliifanya vizuri kwa sababu shule ilikwisha kumfundisha.

Mwaka 1979 akaja mwongozaji wa filamu, bwana mnene mwenye miwani ya giza ambayo hakuivua hata ndani. Alikuwa amepiga picha za filamu ya kutisha, ya kwanza ya aina yake hapo, kuhusu bendi ya roki nzito, ile inayoitwa hevi metali. Katika hadithi hiyo, bendi imeunda spika zake kwa mbao za majeneza yaliyofukuliwa, na kila onyesho msikilizaji mmoja aliyesimama karibu na jukwaa anasikia jina lake likiitwa kutoka ndani ya spika. Anasogea, anaweka sikio, na harudi nyumbani. Wanamuziki waliajiriwa wa kweli, vijana wanne wenye magitaa ya umeme na dramu, na walipokuwa wakipiga, misumari katika duka la chini ilitikisika kwenye makopo.

Mwigizaji mkuu alikuwa dada mrembo kweli kweli. Lakini alipopiga yowe, yowe lilizama. Magitaa yalilimeza kama maji yanavyomeza chumvi. Fundi sauti, mtu mkavu asiye na maneno mengi, alishinda siku mbili akizungusha vitufe, akapunguza magitaa, akaongeza yowe, wapi. Siku ya tatu King'ora alikuwa mezani kwake akifunga droo ya chuma, akajifungia kidole.

Waliokuwapo walisema baadaye kwamba mshale wa mtambo uliruka ukagonga ukingoni ukabaki hapo. Mlango ukafunguliwa, fundi sauti akatoka na vidude vyake vya masikioni shingoni. Hakuuliza habari za kidole.

"Unaweza kurudia?" akasema.

Akaingizwa katika chumba ambacho kuta zake zilibandikwa trei za mayai na magodoro ya zamani, kidole kimefungwa kitambaa. Alivishwa vidude vya masikioni akasikia magitaa yale yakimwingia kichwani kama lori linalopanda mlima. Aliogopa. Kisha akagundua jambo ambalo hakuna aliyemwambia: chini ya kishindo kile kulikuwa na wimbo. Ulipanda, ukashuka, ukazunguka. Akavuta pumzi mpaka tumboni, akasubiri mahali pake, akaachia. Waliporudia kulisikiliza yowe hilo, mpiga gitaa la besi, kijana mrefu asiyependa kusema, aliwaambia wenzake kwamba yule dada hapigi kelele, yule dada yuko kwenye noti. Mwigizaji mrembo aliposikia yowe lile likitoka mdomoni mwake kwenye picha, alijishika koo.

Ndivyo alivyoanza kazi iliyomlisha kwa miaka mingi na iliyomfanya asikike na maelfu ya watu bila mmoja kumjua. Alipigia mayowe filamu za bendi zilizolaaniwa kwa zaidi ya miaka kumi. Palikuwa na ile ya mpiga dramu aliyefunga mkataba kwamba asipoacha kupiga, wafu wa mtaa wake watabaki walipo, naye akashikwa na usingizi. Palikuwa na ile ya mwimbaji aliyekufa jukwaani na mashabiki wakaendelea kushangilia wakidhani ni mbwembwe. King'ora alikuwa mama wa huyu, mke wa yule, dada anayekimbia kwenye korido, umati mzima ikibidi. Alijua mayowe kama fundi seremala anavyojua mbao. Lipo la mtu aliyeona, lipo la anayeshuku, lipo la anayejua kwamba hakuna atakayekuja. Hili la mwisho, alisema, halipandi juu. Linakwenda sawasawa kama uzi, na ndilo gumu kuliko yote.

Jambo ambalo wengi hawakulijua ni kwamba yeye mwenyewe alikuwa mwoga wa filamu hizo. Hakuwahi kutazama hata moja kwa macho yote mawili. Alikwenda sinema mchana, akakaa safu ya nyuma, akafumba macho na kusikiliza. Aliposikia watu wakiruka vitini, alijua amefika mahali pake. Siku moja alishindwa kujizuia. Mama mmoja aliyeketi karibu naye alikuwa amejikunyata, mkoba kifuani, na King'ora akamwinamia akamnong'oneza kwamba asiogope, ile sauti ni yake. Yule mama alimtazama katika mwanga wa picha, akakusanya mkoba wake, akahamia kiti cha mbali. Kwenye orodha ya majina mwishoni walitajwa wapishi, walitajwa madereva. Yeye hakutajwa. Alipofungua macho taa zilikwisha kuwashwa na ukumbi ulikuwa unafagiliwa.

Tarehe 16 Aprili 1983 alifunga ndoa na yule mpiga gitaa la besi. Uchumba wao ulikuwa wa miguu: wakitoka studio walitembea pamoja, yeye na mkoba, bwana na gitaa lake mgongoni, na mara nyingi walifika mlangoni hawajasemezana hata sentensi tatu. Waliomjua bwana huyo wanasema alikuwa mtu wa mambo laini. Nyumbani alipiga gitaa bila umeme, nyuzi zikitoa sauti ndogo kama mtu anayezungumza na mto wa kulalia, na King'ora aliimba pamoja naye, kwa sauti ya chini kabisa aliyoweza. Kaka yake aliwahi kuwatembelea akawasikia kutoka ngazini. Alikaa kwenye ngazi mpaka wakamaliza ndipo akabisha hodi. Hawakujaliwa mtoto. Mwaka 1989 bendi ilipata kazi ya kupiga muziki kwenye meli za abiria, na bwana akaondoka. Zilikuja kadi za picha za bandari, mwanzoni kila mwezi, kisha kila baada ya miezi kadhaa, na ya mwisho ilifika 1993. Hakuna aliyejua kama alikufa au alipata makao mengine. Ndoa hiyo, basi, ilidumu miaka sita chini ya paa moja na mingine mingi kwa jina. King'ora hakuisemea vibaya hata siku moja. Aliendelea kulala upande wake wa kitanda.

Studio ilifungwa 1991, filamu zilipohamia kwenye kanda za video na baadaye kwenye kompyuta. Akaajiriwa ukatibu katika ofisi ya mawakili, akafanya kazi hiyo kwa uaminifu hadi alipostaafu Desemba 2008. Lakini mayowe yake hayakustaafu. Yalikwisha kunakiliwa na kunakiliwa tena, yakatiwa katika filamu za watu asiowajua, katika tangazo la dawa ya mende, mpaka katika simu ya muuza magazeti wa kona ya ofisini, ambayo ikipigiwa ilitoa yowe la mwaka 1982, lile la filamu ya bibi harusi na gitaa lisilo na nyuzi. King'ora alikuwa akinunua gazeti pale kila asubuhi. Simu ikilia, muuza magazeti humwomba radhi kwa kumshtua. Naye humjibu kwamba hakushtuka.

Aliishi peke yake ghorofa ya tatu katika jengo ambalo wengi wenu mnalijua, chumba na sebule, dirisha likitazama kamba za nguo za uani. Sisi ndugu zake tulikuwa mbali kidogo, kila mmoja na hekaheka zake, na tulipompigia simu alisema hajambo. Alikuwa mtu wa kusema hajambo. Binti wa kaka yake, anayesoma maneno haya, alimwuliza siku moja kama nyumba haimwelemei kwa ukimya. Shangazi alicheka. Alisema ukimya ule anaujua, umeanza zamani.

Kisha, mapema mwaka 2016, wakamjia vijana watatu wenye nywele ndefu na fulana nyeusi zilizochorwa mafuvu. Walikuwa na bendi ya hevi metali, na walikuwa wametafuta kwa muda mrefu mwenye sauti ile ya filamu za zamani walizokuwa wakizitazama utotoni. Walipomwona mlangoni, mama wa miaka sitini na mitatu mwenye kanga ya jikoni, kiongozi wao alishika kichwa. Walitaka kutengeneza filamu yao: bendi inafanya mazoezi katika ghala chini ya nyumba, na mama mzee wa mwimbaji anaanguka ndani ya shimo alimozikwa mpiga dramu. Hawakutaka sauti peke yake. Walimtaka yeye, na uso wake.

Wale waliokuwa karibu naye wanasema hawakuwahi kumwona akiwa na furaha kama miezi ile. Alianza mazoezi kila siku saa nne asubuhi. Kwa kuwa alikuwa mtu wa adabu, alipita kwanza mlango kwa mlango katika jengo zima, akawaeleza jirani zake: mkisikia yowe saa nne, msishtuke, ni kazi, na mkisikia nasema "nimeanguka, nisaidieni", hayo ni maneno ya filamu. Mlango mmoja tu hakubisha. Ulikuwa wa dobi wa ghorofa ya chini, bwana aliyefiwa na mkewe, kiziwi tangu utoto, na kwake onyo hilo halikuwa na maana. Majirani walizoea haraka. Mama wa ghorofa ya pili alibandika chai kwa yowe la King'ora. Mhasibu mstaafu wa chumba cha pili yake alikuwa akipiga makofi mawili kupitia ukutani kila alipomaliza, kwa mapenzi tu, na King'ora alikuwa akigonga ukuta kumshukuru.

Asubuhi ya Jumanne, tarehe 7 Juni, saa nne ikikaribia, aliteleza bafuni akitoka kuoga, akaanguka kwa ubavu. Mfupa wa nyonga ulivunjika. Akapiga yowe. Ghorofa ya pili chai ikabandikwa. Akapiga la pili, akasikia makofi mawili. Akamwita mhasibu kwa nguvu zake zote, akamwambia ameanguka, amsaidie. Mhasibu alicheka kwa furaha ya kweli.

"Leo umetia fora, King'ora," akasema kupitia ukuta. "Hata mimi nusura nianguke."

Akasikika akifunga mlango na kushuka ngazi kwenda sokoni, akipiga mluzi. King'ora aliendelea kuita. Alijaribu yote aliyoyajua, yale ya juu na yale ya chini, na kila alipoachia moja alisikia jengo likiendelea na mambo yake: bomba likifunguliwa, redio, watoto wakiigiza sauti yake uani na kucheka. Mwishowe akanyamaza. Baadaye alimwambia binti wa kaka yake kwamba maumivu yalikuwa makali, lakini si hayo yaliyomvunja. Alilala kwenye sakafu ile akajua kwamba hakuna sauti iliyobaki ambayo angeweza kuitoa wakaiamini. Akageuza shavu kwenye saruji yenye maji, akatulia.

Alasiri ikanyesha. Dobi alikuwa uani akianua nguo za wateja, akaona shuka mbili nyeupe za ghorofa ya tatu zikiloa kwenye kamba. Hilo halikumkaa akilini. Ufuaji ndiyo kazi yake, na mama wa shuka zile alimjua kwa nguo zake tu, kama anavyowajua watu wote: aliziweka kwenye kamba kwa pembe sawasawa, na wingu likijikusanya huwa wa kwanza kushuka. Akapanda ngazi akagonga. Akagonga tena. Msimamizi wa jengo akaja kumzuia, akamweleza kwa mikono na midomo kwamba mama yuko kazini, amemsikia kwa masikio yake leo asubuhi, mzima kabisa, ana sauti kama tarumbeta. Dobi alimwonyesha shuka kupitia dirisha la ngazi. Msimamizi akatikisa kichwa, akarudia habari ya yowe. Dobi, ambaye habari hiyo haikumhusu, akarudi nyuma hatua kadhaa, akaupiga mlango bega mpaka kufuli likang'oka.

Alimkuta amefumba macho. Alipomgusa, akayafumbua, akafungua mdomo, na dobi akautazama uso wake, akavua koti akamfunika.

Alilazwa hospitalini zaidi ya mwezi. Majirani walifurika na supu na machungwa, na mhasibu mstaafu alisimama miguuni mwa kitanda kofia mkononi, mtu mzima anadondokwa na machozi. King'ora ndiye aliyeanza.

"Usilie, mzee," akamwambia. "Niliwafundisha mwenyewe."

Wale vijana wa fulana nyeusi walikuja pia. Walikuwa tayari kusubiri, tayari kumwandikia sehemu ya kukaa kwenye kiti. Aliwashukuru, akakataa. Tangu siku ile hakupiga yowe tena. Aliwaruhusu watumie sauti waliyomrekodi kwenye mazoezi, na uso wakatafuta mama mwingine. Walimwuliza kama kweli hatajuta. Akasema hajambo.

Alirudi nyumbani na mkongojo. Dobi alibeba ndoo zake za maji, akamfulia, akamwanulia nguo. King'ora hakujua lugha ya ishara na dobi hakuwa msomaji mzuri wa midomo, kwa hiyo walikuwa na ubao mdogo wa shule na chaki, na mara nyingi ubao ulikaa mtupu. Siku moja dobi aliona rundo la kanda na santuri za filamu chini ya meza ya televisheni, mafuvu na magitaa kwenye majalada, akauliza kwa kidole. King'ora akaandika ubaoni: Mimi. Kisha akajigusa koo.

Hapo ndipo walipoanza kutazama pamoja, kila Jumapili mchana. Ilikuwa sinema ya namna yake. Dobi hakuona cha kutisha, kwa maana bila magitaa na mayowe zimwi ni mtu tu aliyepakwa unga. King'ora, kwa upande wake, alikaa amefumba macho kama alivyofanya siku zote. Basi wakagawana. Yeye alimpigia dobi muziki mkononi kwa vidole, polepole unapokuja, kwa kasi unapopamba moto, na yowe lilipokuja alimbana kiganja. Naye dobi, zimwi lilipoondoka, alimgusa bega kwamba sasa anaweza kutazama. Hivyo ndivyo King'ora alivyoziona filamu zake kwa mara ya kwanza, vipande vipande, vile vya mchana, vya watu wakinywa chai kabla mambo hayajaharibika. Alishangaa kuona zilikuwa na rangi nzuri.

Filamu ya vijana ilipotoka, mwaka 2018, waliitazama vivyo hivyo. Ilipoisha dobi alimgusa bega, na alipokawia kufungua macho akamtikisa. Majina yalikuwa yakipanda kwenye kioo. Dobi alikuwa ameinuka, kidole chake kimegusa televisheni na kinapanda pamoja na mstari mmoja asije akaupoteza: Mayowe, na mbele yake jina lile lile mnalolisoma kwenye jalada, majina yote matatu. King'ora aliomba irudishwe nyuma. Ilirudishwa mara nyingi. Jioni alimpigia simu kaka yake, jambo ambalo hakuwa na desturi nalo, akamsomea mstari huo kwenye simu.

Mwishoni mwa mwaka 2021 moyo wake ulianza kuchoka. Miguu ikavimba, pumzi ikawa fupi, na ile sauti ikapungua hadi ikawa ya kuinamiwa. Alihudumiwa nyumbani kadiri ilivyowezekana, kisha akalazwa tarehe 30 Julai 2023. Wodini kulikuwa na wagonjwa kumi na wawili na usiku hakulala vizuri. Muuguzi alimwambia akiumia apige kelele, asijikaze. Shangazi alitabasamu, akamwomba binti wa kaka yake asogee.

"Siku yangu watu wasinililie kwa sauti kubwa," akasema. "Nimepiga za kutosha."

Kisha akaomba kitu ambacho hakuna aliyekitarajia. Aliomba binti wa kaka yake amwimbie wimbo wa shule, ule wa wanafunzi wanaoaga. Binti hakuujua. Basi King'ora akauimba mwenyewe, beti zote nne, kwa sauti ndogo isiyofika kitanda cha pili, wala hakukosea neno. Aliaga dunia asubuhi ya Jumatano, tarehe 9 Agosti 2023, akiwa na umri wa miaka sabini.

Ameacha kaka mmoja, aliye hapa mbele yenu kwenye kiti cha magurudumu, wifi mmoja, binti mmoja wa kaka na watoto wa kaka wawili wa kiume, wajukuu watano, na vijana watatu wenye fulana nyeusi waliosimama kule nyuma, ambao leo wamefunga nywele zao vizuri. Mumewe, popote alipo, tunamtaja pia.

Yupo mmoja zaidi. Tulipokuwa tukiandaa ratiba hii hatukujua tumwandike nani. Mume hakuwa, ndugu hakuwa, na rafiki lilionekana neno dogo. Tulibishana sana mezani, kila mtu na neno lake, mpaka tukaona aibu kumjadili mtu aliyeketi nasi. Tukampa ubao achague mwenyewe. Aliushika kwa muda mrefu, akafuta vumbi la chaki kwa mkono wa shati, akaandika neno moja, akatugeuzia.

Ameacha jirani.

Na alale sasa, mama wa sauti, kwa utulivu na amani.